Mjomba Huyu ni Ndugu wa Nani?

Wazazi na vijana, kuna hadithi ya kwetu Afrika iliyotembea ng'ambo miaka mingi kabla ya kufika kwa wenyewe.

Abdulrazak Gurnah alizaliwa Zanzibar mwaka 1948. Kiswahili ni lugha ya utoto wake, lakini vitabu aliviandika kwa Kiingereza, kule Uingereza. Mwaka 1994 alitoa Paradise. Mwaka 2021 akapewa zawadi ya Nobel. Kwa Kiswahili kitabu kile kilitoka mwaka 2022, kwa jina Peponi, kazi ya mwalimu Ida Hadjivayanis. Miaka 28!

Kinasimulia nini? Yusuf, mtoto wa miaka 12, anachukuliwa na tajiri Aziz, anayemwita mjomba. Kumbe si ndugu hata kidogo. Baba yake ana deni, na mtoto ndiye rehani. Yusufu wa kitabu cha Mwanzo aliuzwa na kaka zake. Huyu ametolewa na baba mwenyewe.

Basi, kugeuza lugha si kazi ndogo. Kiingereza kina neno moja tu kwa mjomba na kwa baba mdogo. Sisi tunapambanua, maana kila jina lina wajibu wake. Ndiyo sababu msomaji wa Kiswahili anauliza mara moja: mjomba huyu ni ndugu wa nani?

Ninyi mnaoishi karibu na machimbo, ulizeni vilevile. Mtu akija na jina la mjomba mdomoni na karatasi ya deni mfukoni, mtoto asitoke nyumbani. Deni ni la baba.