Jumba la Destrehan: Ardhi Ilikuwa ya Nani?

Wanafunzi wetu huuliza mara kwa mara: ikiwa watumwa wa Marekani waliachwa huru mwaka 1865, kwa nini wajukuu wao waliendelea kuwa vibarua katika mashamba yale yale? Badala ya kujibu kwa nadharia tupu, tuchunguze shamba moja, la Destrehan, lililo kando ya mto Mississippi, juu kidogo ya mji wa New Orleans.

Jumba la shamba hilo lilijengwa kati ya 1787 na 1790, Louisiana ikiwa koloni la Hispania. Mwenye mali alikuwa Robin de Logny. Fundi alikuwa Charles Paquet, chotara huru mwenye asili ya Kiafrika. Mkataba wao ungalipo. Paquet alipewa watumwa wa kumsaidia kazi, na ujira wake ulikuwa mtumwa mmoja, ng'ombe na ndama wake, vipimo 50 vya mpunga, vipimo 50 vya mahindi, na piasta 100 jengo litakapokamilika. Mtu ameandikwa safu moja na ng'ombe! Tena anayepokea malipo hayo ni mwenzake wa damu. Hapa hukwama wale wanaodhani kwamba utumwa ulikuwa suala la rangi tu. Rangi ilihalalisha, kilichotafutwa ni nguvukazi ya bure.

Zao la kwanza lilikuwa nili. Baada ya Étienne de Boré kufanikiwa kutengeneza sukari ya chembechembe kwa faida mwaka 1795, mkwe wa de Logny, Jean Noël Destrehan, aligeukia miwa. Miwa iliyokatwa haingoji. Watumwa walikesha kwenye vinu na masufuria.

Tarehe 8 Januari 1811, watumwa wa sehemu hizo waliinuka wakiongozwa na Charles Deslondes, wakaandamana kando ya mto kuelekea New Orleans. Siku mbili baadaye walishindwa. Baraza la hukumu lilikaa katika jumba hilohilo. Mahakimu walikuwa wenye mashamba, Destrehan akiwa mmoja wao. Vichwa vya waliouawa vilitundikwa kwenye miti kando ya mto, na serikali ikalipa fidia ya dola 300 kwa kila mtumwa aliyeuawa. Alilipwa bwana wake. Wajane hawakupata kitu.

Sasa turudi kwenye swali. Wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe, mwenye shamba, Jaji Pierre Rost, alikwenda Ulaya kuwa mjumbe wa waasi wa Kusini. Serikali ililitwaa shamba, na mwaka 1865 waliokuwa watumwa wakawekwa humo, wakalima na kupata shule na hospitali. Lakini Rost alisamehewa, na mwaka 1866 akarudishiwa ardhi yake. Waliobaki kulima humo walibaki na mikono yao tu, wakaiuza kwa mshahara.

Mwaka 1914 shamba lilinunuliwa na kampuni ya mafuta, ikajenga kiwanda cha kusafishia mafuta. Kiwanda kilipofungwa jumba likachakaa, hadi mwaka 1971 lilipokabidhiwa chama cha historia. Leo ni makumbusho yenye kiingilio. Katika vikundi vya masomo, tunashauri mkataba wa Paquet usomwe kwanza, kabla ya kutazama picha za nguzo na baraza zake.