Jumba kama Ishara

Mwanafunzi, ukikutana na jumba la kifahari katika riwaya, usikomee kulitaja kama mandhari. Jiulize: nani alilijenga, juu ya ardhi ya nani, na nani amebaki?

Chukua mfano wa hapa kwetu Machakos. Karibu na mlima Kilimambogo kuna jumba la William Northrup McMillan, mlowezi tajiri mzaliwa wa Marekani. Mwaka 1909 alimkaribisha Theodore Roosevelt katika shamba lake la Juja. Alifariki mwaka 1925, akazikwa mlimani. Ufalme wake umebaki kaburi, kuta, na jina kwenye maktaba iliyofunguliwa Nairobi mwaka 1931.

Sasa rudi kwenye Chozi la Heri. Ridhaa anatazama magofu ya nyumba yake iliyoteketezwa pamoja na jamaa zake. Hapa pana kinaya: mlowezi kutoka ng'ambo alizikwa kama mwenye nchi, ilhali Ridhaa, mwananchi, alifukuzwa kama mgeni.

Katika mtihani, taja ishara, toa tukio, kisha eleza maana. Ukisema tu kuwa nyumba iliteketea, umesimulia, hujajibu swali.