Tufaha Ndani ya Unga: Kitindamlo cha Kuoka kwa Jiko la Makaa

Nyumba nyingi za kupanga Kitengela, Ongata Rongai na Kajiado mjini hazina oveni. Zina mtungi wa gesi wa kilo 6, jiko la makaa lililowekwa nyuma ya mlango na sufuria tatu au nne za ukubwa tofauti. Ndiyo maana wakazi wengi huamini kwamba kuoka ni kazi ya hoteli na maduka ya mikate. Si hivyo. Kwa sufuria mbili, matufaha matatu na unga wa ngano, familia ya watu sita inaweza kupata kitindamlo cha moto Jumapili jioni. Makala haya yanaeleza namna ya kukiandaa, na yanasisitiza jambo ambalo mapishi mengi hayalitaji: mahali pa kuliweka jiko wakati wa kuoka, na mahali pa kuliacha baada ya kuoka.

Chakula chenyewe si kigumu. Ni nusu ya tufaha iliyotiwa sukari na mdalasini, ikafungwa ndani ya unga uliosukumwa kama chapati, kisha ikaokwa juu ya shira hadi unga ugeuke rangi ya dhahabu na tufaha lilainike. Nchini Marekani, hasa jimbo la Pennsylvania, ni chakula cha nyumbani cha miaka mingi. (Msomaji aliyekulia Pwani asichanganyikiwe: tofaa la huko, lile jekundu lenye maji mengi, ni tunda jingine. Hapa tunazungumzia tufaha la sokoni, ambalo sehemu kubwa hutoka Afrika Kusini, ingawa siku hizi yapo pia ya humu nchini, kama yale ya aina ya Wambugu yaliyoanzia Laikipia.)

Anza na uchaguzi wa tunda. Tufaha la kijani, gumu na lenye ukali, ndilo bora kwa sababu hubaki na umbo lake likipata moto. Jekundu laini huvunjika na kutoa maji mengi, na maji hayo hulowesha unga kutoka ndani. Kama jekundu ndilo lililopo, lioke kwa muda mfupi zaidi na upunguze sukari, kwa kuwa tayari ni tamu. Osha matunda kwa maji safi kabla ya kumenya.

Kwa vipande sita utahitaji matufaha madogo matatu, vikombe viwili vya unga wa ngano, vijiko viwili vya chai vya bekingi poda, nusu kijiko cha chai cha chumvi, gramu 120 za siagi iliyo baridi, na nusu kikombe cha maziwa baridi. Ndani ya kila tufaha utatia kijiko kimoja cha chai cha sukari na mdalasini kidogo. Shira inahitaji kikombe kimoja cha maji, nusu kikombe cha sukari, kijiko kikubwa kimoja cha siagi na mdalasini. Ukiwa na limau, kamulia kidogo juu ya matufaha yaliyomenywa ili yasigeuke rangi. Kama pakiti yako ya unga inasema tayari umechanganywa na bekingi poda, usiongeze nyingine.

Changanya unga, bekingi poda na chumvi. Katakata siagi ndani yake, kisha usugue kwa ncha za vidole mpaka uwe chengachenga. Usitumie kiganja, kwa maana kiganja kina joto na siagi itayeyuka. Hapa ndipo unga huu unapotofautiana na ule wa chapati. Kwenye chapati tunakanda sana ili unga uvutike. Hapa tunataka vipande vidogo vya siagi vibaki vizima. Vikifika motoni huyeyuka na kuacha nafasi, na unga hutoka ukiwa na matabaka mepesi badala ya kuwa mgumu kama ngozi. Mimina maziwa kidogo kidogo, ukusanye donge, uache kukanda mara tu linaposhikana. Lifunike kwa kitambaa kibichi na ulipumzishe dakika 20 mahali penye baridi. Asiye na friji aliweke bakuli ndani ya beseni la maji baridi.

Wakati donge linapumzika, chemsha viungo vya shira kwa dakika tano. Menya matufaha, yakate katikati na utoe mbegu kwa kijiko, ukiacha shimo dogo la kutia sukari na mdalasini.

Sukuma unga hadi unene wa karibu milimita tatu, ukate vipande sita vya mraba, kila kimoja kikiwa na upana wa sentimita 15 hivi. Weka nusu ya tufaha katikati, kunja pembe nne zikutane juu, ubane kwa vidole vilivyoloweshwa maji. Toboa tundu dogo juu kwa uma. Bila tundu hilo mvuke hutafuta njia yake mwenyewe, na mara nyingi hupasua upande.

Sasa moto. Mara ya kwanza mwandishi wa makala haya alipojaribu, aliweka makaa yote chini ya sufuria. Baada ya nusu saa chini palikuwa peusi na juu unga ulikuwa mbichi, mweupe kama ulivyoingia. Kosa hilo lina dawa ya zamani. Wapishi wa Pwani huoka mkate wa kumimina kwa kupalia makaa, yaani kuweka moto chini na juu ya kifuniko. Kwa kuwa joto hupanda, makaa ya chini hayahitaji msaada. Ya juu ndiyo yanayopaswa kuwa mengi. Gawa makaa yako mafungu matatu, fungu moja chini na mawili juu ya kifuniko.

Chukua sufuria kubwa nzito yenye kifuniko bapa cha chuma. Tandaza ndani yake mchanga mkavu safi wa kina cha sentimita mbili, au weka mawe matatu bapa. Mawe yawe makavu kabisa. Jiwe lililotoka mtoni lina maji ndani yake na linaweza kupasuka kwa kishindo likipata moto. Funika, palia makaa, usubiri dakika kumi. Kisha panga vipande vyako ndani ya sufuria ndogo iliyopakwa siagi, mimina shira ya moto pembeni yake, si juu yake, mpaka ifike karibu nusu ya kimo cha vipande. Ingiza sufuria ndogo ndani ya kubwa, bila kugusa kuta zake, na ufunike.

Tazama mara ya kwanza baada ya dakika 25. Ukifunua mapema unapoteza joto lote ulilolijenga. Kwa kawaida kazi huisha kati ya dakika 35 na 45. Chomeka kijiti kupitia lile tundu: kikipenya tufaha bila kusukumwa, epua. Mwenye oveni aweke nyuzi 190 za Selsiasi kwa muda huohuo. Mwenye gesi pekee anaweza kutumia mpango huohuo wa mchanga kwa moto mdogo, ila hatakuwa na joto la juu, kwa hiyo avigeuze vipande kwa uangalifu baada ya dakika 25 ili pande zote mbili zipate rangi. Si lazima uwashe mkaa mpya kwa ajili ya kitindamlo. Makaa yanayobaki baada ya kuchemsha githeri au maharagwe, yakiongezwa kidogo, yanatosha.

Tufike kwenye jambo la jiko.

Mkaa unaowaka hutoa gesi ya kaboni monoksidi. Haina rangi, haina harufu na haiwashi macho kama moshi. Ikivutwa, hushikamana na damu mahali ambapo oksijeni ingeshika, na mwili unakosa hewa huku mtu akiendelea kupumua kama kawaida. Dalili za mwanzo ni kuumwa kichwa, kizunguzungu, kichefuchefu na uchovu, ambazo mtu huzichukulia kuwa homa au njaa. Aliyelala hazitambui kabisa. Watoto, wajawazito na wenye maradhi ya moyo huathirika upesi zaidi.

Kuoka kunachukua karibu saa nzima ya makaa mekundu, muda mrefu kuliko chai au ugali. Kwa hiyo oka nje, uani au kwenye baraza iliyo wazi. Mvua ikinyesha, ahirisha. Dirisha lililofunguliwa kidogo katika chumba kimoja halitoshi.

Hatari kubwa zaidi huja baada ya kuoka. Miezi ya Juni hadi Agosti upepo wa Kitengela ni mkali na usiku ni baridi. Chakula kimeisha, makaa bado yana joto, na inaonekana ni hasara kuyaacha nje wakati watoto wanatetemeka ndani. Jiko linaingizwa, mlango unafungwa, familia inalala. Makaa yasiyotoa moshi tena ndiyo yanayodanganya watu, kwani bado yanatoa gesi ileile. Tunawaomba wakazi wayazime hukohuko nje kwa kuyafunika kwa majivu au mchanga mkavu. Usimwage maji ndani ya jiko lenye kikombe cha udongo, kwa sababu udongo utapasuka. Mtu akipatikana amelegea ndani ya chumba chenye jiko, fungua milango, mtoe nje kwenye hewa safi na umkimbize hospitali iliyo karibu hata kama anasema amepata nafuu.

Kuhusu sukari: kipande kimoja kwa vipimo vya hapa kina takriban gramu 20 za sukari iliyoongezwa, yaani vijiko vitano vya chai. Shirika la Afya Duniani linashauri kiwango cha siku nzima kisizidi gramu 50 kwa mtu mzima, na ikiwezekana 25. Mwenye kisukari anaweza kuandaliwa kipande chake bila sukari ya ndani na bila shira, maziwa kidogo yakichukua nafasi yake. Wanaopenda kumiminia maziwa baridi wakati wa kula wayachemshe kwanza na kuyapoza, hasa yaliyotoka moja kwa moja kwa mfugaji, kwa kuwa maziwa mabichi huweza kueneza bruselosi.

Matufaha yakiwa ghali, unga huuhuu hufaa kwa ndizi mbivu, na za Loitokitok zinafaa sana. Ndizi haihitaji sukari ya ndani, na dakika 25 zinaitosha.

Je, ukitaka kuuza? Kuoka kwa ajili ya familia na wageni wako hakuhitaji kibali chochote. Lakini mara unapoweka meza kando ya barabara au kupokea oda za majirani, sheria inabadilika. Katiba ya 2010, katika Jedwali la Nne, inaipa serikali ya kaunti jukumu la kutoa leseni na kusimamia biashara zinazouzia umma chakula. Utahitaji kibali cha biashara, na kila anayeshika chakula hicho, pamoja na binti yako anayekusaidia kukunja unga, anahitaji cheti cha uchunguzi wa afya kinachofanywa upya kila baada ya miezi sita. Usifungie wateja kwa mifuko ya plastiki, ambayo imepigwa marufuku nchini tangu Agosti 2017. Karatasi safi inatosha, mradi isiwe gazeti, maana wino wake hushika kwenye siagi. Maswali kuhusu cheti na kibali yapelekwe katika ofisi ya afya ya umma ya kaunti ndogo yako.