Kweli au uongo: nasaba za Wamarekani vitabuni

Marekani ina vitabu vya nasaba visivyohesabika, na baadhi viliandikwa kwa malipo ili mteja apate babu wa kujivunia. Gustave Anjou alighushi nasaba na kuwauzia matajiri, na uzushi wake ungali unanakiliwa hadi leo.

Maofisa wa Ellis Island waliwabadilishia wahamiaji majina. Uongo, ingawa ndiyo hadithi inayopendwa kuliko zote. Kituo hicho cha kupokea wahamiaji cha New York kilifunguliwa 1892, na ofisa wa pale hakuwa na kazi ya kumwandikia mtu jina. Alikuwa na orodha ya abiria iliyoandaliwa na kampuni ya meli tangu bandari ya kuondokea, akalinganisha nayo majibu ya mgeni. Wakalimani nao walikuwepo. Waliobadili majina ni wahamiaji wenyewe, wengi baada ya kutulia, ili wapate kazi au watoto wasichekwe shuleni. Babu akiona haya kulisema hilo, lawama humwangukia ofisa.

Kila ukoo una nembo yake. Uongo, tunza hela zako. Kwa desturi ya Uingereza nembo hupewa mtu, ikarithiwa na uzao wake, si na kila mwenye jina kama lake.

Nasaba ya Mmarekani mweusi haivuki 1870. Nusu kweli. Sensa ya 1870 ndiyo ya kwanza kuwaandika kwa majina wote waliotoka utumwani. Fungua orodha za watumwa za 1850 na 1860: juu jina la bwana, chini yake mistari ya umri, jinsia na rangi. Mwanamke, 30, herufi B, yaani mweusi. Mtoto wa kiume, 4, herufi M, yaani chotara. Majina hakuna, ila kwa nadra sana.

Wengi wameishia hapo, na ni uvivu. Bwana alipokufa mali yake iliorodheshwa, na humo watumwa hutajwa kwa jina na bei. Ipo pia Benki ya Freedman's ya 1865 hadi 1874: mteja aliulizwa wazazi, ndugu, mwenza, pengine hata bwana wake wa zamani. Benki ilianguka na akiba za watu zikapotea, lakini madaftari yakabaki. Majesuiti wa Maryland nao, walipouza watu 272 mwaka 1838 na sehemu ya fedha ikaokoa chuo cha Georgetown kwenye madeni, waliwaorodhesha kwa majina. Kwa nyaraka za aina hiyo mwandishi Rachel Swarns aliandika The 272 (2023), akiufuata ukoo wa Mahoney na historia ya chuo kwa pamoja.

Habari ya Rais Jefferson kuzaa na mtumwa wake, Sally Hemings, ni uvumi tu. Uongo. Madison, mwana wa Sally, alieleza gazetini huko Ohio mwaka 1873 kwamba baba yake ni Thomas Jefferson. Waandishi wa wasifu wakampuuza kwa karibu karne nzima, wakiamini maneno ya familia ya Jefferson iliyowasingizia wapwa wake, akina Carr. Mwaka 1997 mwanahistoria Annette Gordon-Reed alionyesha walivyopima kwa mizani mbili: neno la mtumwa lilidaiwa ushahidi, la mabwana likapokelewa hivi hivi. Mwaka uliofuata vipimo vya vinasaba vikauunganisha uzao wa Eston Hemings, mdogo wake Madison, na wanaume wa ukoo wa Jefferson, na akina Carr wakaondoka kwenye kesi. Vinasaba peke yake havimtaji Thomas. Ukiongeza tarehe alizokuwa nyumbani Monticello, zinazolingana na mimba za Sally, wanahistoria wengi wamekubali.

Sensa ya 1890 iliteketea yote kwa moto. Si kweli kabisa. Moto wa Januari 1921 huko Washington uliteketeza sehemu yake, na maji ya zimamoto yakalowesha mengine. Karibu yote yaliyonusurika yaliharibiwa na serikali yenyewe miaka ya 1930, kwa idhini ya Bunge. Anayetafuta miaka hiyo hutumia vitabu vya anwani za miji na sensa za majimbo, kama ile ya New York ya 1892.