Moyo ukienda mbio, jalada liandike nini?

Mgonjwa husema sentensi moja tu: "Daktari, moyo unaenda mbio." Fomu ya hospitali haiipokei sentensi hiyo ilivyo. Inataka herufi na tarakimu, na hapo maneno yale machache yanaweza kuishia popote kati ya R00.0, R00.2, I47.1, I47.2, I47.9 na I48.9. Kila msimbo hapo unaeleza kitu tofauti kilichothibitishwa, na baadhi inakiri waziwazi kwamba bado hakuna kilichothibitishwa. Mgonjwa anayeujua utaratibu huu ataelewa kwa nini jirani yake mwenye malalamiko yaleyale aliandikiwa msimbo mwingine, na kwa nini bima ilirudisha fomu.

Misimbo hii inatoka katika Ainisho la Kimataifa la Magonjwa, maarufu kama ICD, linalosimamiwa na Shirika la Afya Duniani (WHO). Chimbuko lake ni orodha ya visababishi vya vifo ambayo Mfaransa Jacques Bertillon, mkuu wa takwimu wa jiji la Paris, aliiwasilisha Chicago mwaka 1893. WHO ilipoichukua mwaka 1948, katika marekebisho ya sita, ndipo magonjwa ya walio hai nayo yakaingizwa. Toleo la kumi, ICD-10, liliidhinishwa mwaka 1990 na bado ndilo linalotumika katika hospitali nyingi za ukanda wetu. Shabaha yake ni kwamba kinachohesabiwa Mwanza na kinachohesabiwa Mombasa kiwe kitu kilekile.

Katika kusoma msimbo, anza na herufi. I ni sura ya magonjwa ya moyo na mishipa ya damu. R ni sura ya dalili na ya matokeo ya vipimo ambayo hayajapata jina la ugonjwa. Kwa hiyo R00.0 ina maana mapigo yamehesabiwa na kukutwa ya haraka, kwa mtu mzima aliyetulia yakizidi 100 kwa dakika, lakini aina yake haijaelezwa. R00.2 ni hisia ya moyo kudunda au kurukaruka kifuani. Mwenye R00.2 anaweza kupimwa na muuguzi akakutwa na mapigo 78 tu. Ya kwanza imepimwa, ya pili imesimuliwa, na jalada lililoandikwa vizuri halizichanganyi.

Mara nyingi, hata hivyo, sura ya R haihitajiki kabisa, kwa sababu moyo unaenda mbio kwa kutimiza wajibu wake. Mwenye malaria kali, mtoto aliyeharisha hadi akaishiwa maji, mama anayevuja damu baada ya kujifungua, mwenye upungufu mkubwa wa damu: wote watakuwa na mapigo ya juu, na kwa wote kinachoandikwa kuwa utambuzi mkuu ni chanzo. Mama anayevuja damu anaingia O72, mwenye tezi ya shingo inayozalisha homoni kupita kiasi anaingia E05. Mapigo yao ya juu ni sehemu ya hali hizo. Ukimwandikia mama huyo R00.0 na kuishia hapo, umeandika moshi ukaacha moto.

Sura ya I inaingia pale hitilafu inapokuwa kwenye umeme wa moyo wenyewe. Kundi la I47 ni la vipindi vinavyowaka ghafla na kuzimika ghafla: mtu ameketi anakunja nguo, mara kifua kinaanza kutwanga, na baada ya dakika kumi au saa mbili kinaacha kama kilivyoanza. Kumtoa mtu kwenye R00.2 na kumweka I47.1 kunahitaji ushahidi, na ushahidi wenyewe kwa kawaida ni karatasi ya ECG, yaani rekodi ya umeme wa moyo.

Tuchukue mfano wa mwanamke wa miaka 32 aliyefika idara ya dharura kipindi kikiwa bado kinaendelea. Karatasi ya ECG hutembea milimita 25 kwa sekunde. Kila mraba mkubwa ni sehemu ya tano ya sekunde, hivyo dakika moja ina miraba mikubwa 300. Kati ya mchongoko wa pigo moja na unaofuata kuna mraba mmoja na nusu; gawa 300 kwa 1.5, unapata mapigo 200 kwa dakika. Nafasi kati ya michongoko ni sawa kila mahali. Upana wa kila mchongoko ni miraba midogo miwili. Ungefika mitatu au zaidi, mchongoko ungehesabiwa kuwa mpana. Mchongoko mwembamba unaonyesha kwamba umeme umeshuka kwenye vyumba vya chini vya moyo kupitia njia yake ya kawaida, kwa hiyo chanzo cha vurugu kiko juu ya vyumba hivyo.

Daktari anamwambia apulize kwa nguvu ndani ya bomba la sindano kwa sekunde 15, kisha analazwa chali haraka na miguu yake inainuliwa. Utafiti uliofanyika Uingereza na kuchapishwa mwaka 2015 ulionyesha kwamba mbinu hii ya kulaza na kuinua miguu ilirudisha mdundo wa kawaida kwa wagonjwa 43 katika kila 100, dhidi ya 17 waliopuliza tu wakiwa wameegemea. Kwa mwanamke wetu haikufua dafu. Akachomwa adenosini miligramu 6 kwenye mshipa, ikasukumwa kwa kasi na maji ya chumvi, na mapigo yakashuka hadi 85. Daktari akaandika: takikadia ya supraventrikali (SVT), imekoma kwa adenosini. Msimbo ni I47.1.

Sasa mcheleweshe mwanamke huyohuyo njiani kwa nusu saa. Anafika kipindi kimeshazima, mapigo 84, ECG safi. Anaeleza vizuri kabisa, na daktari mzoefu anahisi ni kitu gani. Msimbo wa siku hiyo ni R00.2. Ni mtu yuleyule mwenye moyo uleule, na misimbo yote miwili ni sahihi, kwa sababu msimbo unaeleza kilichothibitishwa katika mahudhurio hayo. Dhana ya daktari inabaki kwenye maelezo na kwenye mpango wa uchunguzi.

Vipindi vingine vina makao yao. I47.2 ni vya vyumba vya chini. Michongoko huwa mipana, na mgonjwa anaweza kuanguka. Vyumba hivyo vikitetemeka tu bila kusukuma damu, msimbo ni I49.0, na hapo kila dakika inahesabika. I48 ni ya vyumba vya juu vinavyotetemeka au ambamo umeme unazunguka kwa kasi, na ndani yake kuna I48.0 ya vipindi, I48.1 inayoendelea na I48.2 iliyo sugu. I45.6 ni ya waliozaliwa na njia ya ziada ya umeme, hali iliyopewa majina ya Wolff, Parkinson na White walioieleza mwaka 1930. Mgonjwa wa I45.6 akipata pia mtetemo wa vyumba vya juu, dawa kama verapamili na digoksini zinaweza kumhatarisha, ndiyo maana msimbo huo haupaswi kupotea anapohamishiwa hospitali nyingine. I47.9 ni ya daktari aliyeandika "vipindi vya mapigo ya kasi" bila kusema vinatokea wapi.

I48 inastahili uangalifu zaidi kwetu. Vyumba vya juu vikitetemeka, damu hutuama na kuganda, na bonge likisafiri hadi kwenye ubongo huleta kiharusi. Afrika wagonjwa wengi wa aina hii ni vijana ambao valvu zao ziliharibiwa na homa ya baridi yabisi utotoni. Valvu ya mitrali iliyobana kwa sababu hiyo ni I05.0. Utafiti wa INVICTUS, uliochapishwa mwaka 2022, ulikuta kwamba kwa wagonjwa wenye mtetemo huo pamoja na ugonjwa wa valvu wa aina hii, dawa za kundi la warfarini zilifanya vizuri kuliko rivaroksabani, ambayo ni ya kisasa zaidi. Jalada lenye I48 peke yake linaficha nusu ya habari anayoihitaji daktari anayeandika dawa.

Nani anaandika msimbo? Daktari anaandika utambuzi kwa maneno. Ofisa kumbukumbu za afya, au kompyuta, ndiye anayeutia tarakimu. Ofisa huyo hasomi ECG. Hata akiiona karatasi imebanwa kwenye jalada na mashine imechapa juu yake "takikadia", hana ruhusa ya kuweka I47.1 mpaka daktari aandike hivyo. Tatizo kubwa linakaa hapohapo: mwandiko unaosema "moyo kudunda, ?SVT". Alama hiyo ya kuuliza ni tabia ya wodini, lakini mwongozo wa WHO unamtaka daktari ambaye hajathibitisha ugonjwa aandike dalili aliyoikuta, badala ya jina la ugonjwa lenye mashaka. Na ugonjwa uliodhaniwa ukichunguzwa ukaonekana haupo, kuna Z03.5, ya mtu aliyewekwa chini ya uangalizi kwa kudhaniwa ana tatizo la moyo.

Kuna vishawishi viwili. Cha kwanza ni kupandisha msimbo, dalili iitwe ugonjwa ili fomu ya madai ya bima ipite bila maswali. Gharama yake anailipa mgonjwa, kwa sababu jina hilo litamfuata kwenye kila maombi ya bima na kila rufaa, na daktari anayefuata ataanza na dawa ya ugonjwa ambao hakuna aliyeuona. Cha pili ni kushusha: ECG ipo na utambuzi umeandikwa, lakini aliye kwenye dirisha amezoea R00.0 na anaibonyeza kwa kila mtu. Taarifa zinazokusanywa wilayani zikijaa misimbo ya jumla, vipindi hivi vinaonekana kana kwamba havipo, na kisichoonekana kwenye takwimu hakipangiwi mashine wala mtaalamu.

Tahadhari moja kwa wanaotafuta misimbo mtandaoni. Marekani ina toleo lake, ICD-10-CM, lililoanza kutumika Oktoba 2015 na linaloongezewa matawi kila mwaka. Oktoba 2023 I47.1 yao iligawanywa kuwa I47.10, I47.11 na I47.19. Matawi hayo hayamo katika ICD-10 ya WHO, hivyo mfumo uliopakiwa orodha ya WHO utayakataa hata kama utambuzi ni sahihi. Kwa upande mwingine, ICD-11, iliyoanza rasmi Januari 1, 2022, imepanga upya eneo lote la mdundo wa moyo na inaruhusu misimbo kadhaa iunganishwe kueleza hali moja. Nchi zinahamia kwa kasi tofauti, kwa hiyo hakikisha unajua hospitali yako iko toleo gani kabla ya kulinganisha.

Kwa mgonjwa, ushauri ni mfupi. Kipindi kikianza, nenda kituo kilicho karibu chenye ECG, usisubiri kipoe. Kama kuna kuzimia, maumivu ya kifua au kukosa pumzi, hiyo ni dharura. Omba nakala ya karatasi, ipige picha, uitunze. Saa ya mkononi inayorekodi mdundo inasaidia, mradi daktari aone rekodi yenyewe. Kwa mtetemo wa vyumba vya juu, mwongozo wa Ulaya wa mwaka 2020 ulitaka rekodi ya angalau sekunde 30 iliyosomwa na mtaalamu. Ukiruhusiwa, uliza umeandikiwa utambuzi gani.

Ukikuta R00.2, usidhani umepuuzwa. Kwa mara ya kwanza inawezekana kabisa ndiyo kauli ya kweli iliyokuwepo. Lakini ikiandikwa mara ya tatu na ya nne, bila mtu kuagiza kipimo cha Holter cha kurekodi mdundo kwa saa 24 wala kukupa rufaa, una haki ya kuuliza nini kinafanyika ili ipatikane iliyo sahihi zaidi.