Milú: Sura ilizeeka, kibao kikagoma!

Ukitajiwa nyota wa zamani wa sinema, najua msomaji wangu utakimbilia Hollywood. Leo twende Lisbon, Ureno, nikuonyeshe kimwana aliyeitwa Milú.

Mwaka 1943, hata miaka 18 hajatimiza, aling'ara katika filamu ya vichekesho "O Costa do Castelo". Humo aliimba "A Minha Casinha", kibao cha kusifia kijumba cha makabwela. Mwaka 1947 akatamba tena katika "O Leão da Estrela".

Mambo yakaja kubadilika miaka ya 1980. Bendi ya roki, Xutos & Pontapés, ikakichukua kibao kilekile, ikakitia magitaa, vijana wakachizika! Milú, bibi wa miaka sitini na ushee, alikuwa bado hai. Alifariki 2008.

Mimi huyo namvulia kofia. Warembo wa sinema ni wengi, wangapi wameacha wimbo unaoimbwa na wajukuu?