Makuta: Jina la Sarafu Ndogo na Akiba ya Watu wa Zamani

Katika Kiswahili cha Kongo neno makuta lina maana ya fedha kwa jumla. Mtu asemaye kwamba hana makuta hakukosa sarafu za aina fulani. Amekosa chochote cha kulipia. Wanafunzi wengi walitumiao neno hili hawajapata kuishika sarafu yenyewe, na kwa hiyo yafaa kueleza thamani yake ilikuwa nini.

Jina hili limeitangulia zaire kwa miaka mingi. Katika karne ya 18 Wareno walikuwa na sarafu za shaba huko Angola zilizoitwa macuta. Mwaka 1967, serikali ya Kinshasa ilipoacha falanga, fedha mpya iliitwa zaire, ikagawanywa katika makuta 100, na kila likuta katika sengi 100. Zaire moja ilichukua mahali pa falanga 1.000, ikawa sawa na dola 2 za Marekani. Likuta moja, basi, lilikuwa falanga 10, yaani senti 2 za dola. Hata sengi 10 zilipewa kisarafu chao cha alumini: ushahidi kwamba kipande kidogo namna hiyo kilitarajiwa kununua kitu.

Methali isemayo haba na haba hujaza kibaba ina sharti lisilotajwa, nalo ni kwamba kibaba kisivuje. Zamani za Wabelgiji vipande vya santimu 5 na 10 vilikuwa na tundu katikati, hata vikaweza kutungwa kwenye uzi kama ushanga. Aliyevitunga leo alitumaini kununua navyo kesho.

Kibaba kilivuja baadaye. Desemba 1979 serikali ilibatilisha noti za zaire 5 na 10. Siku za kuzibadilisha zilikuwa chache na kiasi kiliwekewa mpaka, hivyo aliyeficha akiba yake nyumbani aliumia kuliko aliyeitumia. Mwaka 1993 zaire mpya moja ilitolewa badala ya zaire 3.000.000 za zamani. Wakasai waliikataa, wakaendelea na noti zao kuukuu. Mwaka 1998 falanga ya Kongo ilirudi, moja kwa zaire mpya 100.000. Msomaji akizidisha ataona kwamba falanga hiyo moja ilimeza zaire bilioni 300 za awali. Kwa makuta, hesabu hiyo haina haja ya kuandikwa.

Si ajabu kwamba likelemba ilidumu. Wanachama hutoa kiasi kilekile, na mmoja huondoka na chote siku hiyohiyo. Fedha hailali mahali, wala haipati nafasi ya kuoza.

Kwa mwanaisimu limebaki jambo la kutazamwa. Wingi wa neno umeishi kuliko sarafu: makuta husemwa kila siku sokoni, bali umoja wake, likuta, husikika kwa nadra.